Huzuni Yenye Mizani: Filamu za Kale kwa Wapenzi wa Ushairi

Mpenzi wa ushairi wa pwani hahitaji kufundishwa huzuni, kwani amelelewa nayo. Utenzi wa Al-Inkishafi, alioutunga Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir juu ya kuanguka kwa fahari ya Pate, unasomwa hadi leo, na kinachoufanya usichakae si machozi yake bali ni hesabu yake. Mtunzi hatosheki kusema kwamba mji umekufa. Anapita ndani ya majumba, anataja taa, anataja vyombo vya kaure, anataja vidaka vya ukutani, kisha anatuonyesha ni viumbe gani waliorithi mahali pa watu. Sisi tunaokaa Utende, tukitazamana na Chole, na magofu ya Kua yakiwa hapo kisiwani Juani, tunaijua namna hiyo ya kuomboleza. Mtu anayetembea Kua haambiwi alie. Hutazama msikiti, makaburi na kuta za nyumba, akajumlisha mwenyewe.

Nimeanza na utenzi ilhali makala haya yanahusu sinema, kwa kuwa nataka sinema ipimwe kwa kipimo tunachokifahamu. Katika lugha yetu neno mizani lina kazi mbili. Kwa mshairi ni idadi ya silabi katika mshororo. Kwa mvuvi ni kile chombo cha tajiri kinachoamua pweza wa leo ni kilo ngapi na jioni italiwa nini nyumbani. Dai langu ni kwamba filamu za huzuni zilizodumu, kutoka nchi mbalimbali za dunia, zimebeba mizani zote mbili. Zina nidhamu ya mshororo, yaani hazisemi zaidi ya linalohitajika. Na zina ukweli wa sokoni, yaani hazituonyeshi mtu analia bila kutuonyesha amepoteza nini, kwa bei gani, na ni nani aliyepata faida. Filamu isiyo na mizani hizo huweza kutoa machozi usiku mmoja, lakini asubuhi haituachii kitu.

Wapo watakaosema kwamba filamu za kale za kigeni si mambo yetu. Historia haikubaliani nao. Kwa miongo kadhaa watu wa Unguja, Dar es Salaam, Tanga na Mombasa walijaza majumba ya sinema. Majestic ya Unguja, Empire na Avalon za Dar es Salaam ni majina ambayo wazee wetu huyataja kama wanavyotaja mitaa waliyozaliwa. Awara ya Raj Kapoor (1951) ilipendwa hata na wasiojua neno la Kihindi. Taarabu ya Mombasa ilikopa lahani za filamu hizo hadi zikawa mali ya pwani. Marehemu Juma Bhalo, aliyefariki mwaka 2014, alivuma kwa mtindo huo, na baadhi ya maneno aliyoyaimba yalitungwa na malenga Ahmad Nassir. Basi filamu hizi zilikwisha kuingia katika ushairi wetu kabla hatujaanza kuuliza kama zinatuhusu.

Tuchukue mfano wa Mother India ya Mehboob Khan (1957), ambayo wengi wa rika la wazazi wetu waliiona zaidi ya mara moja. Mama mkwe amekopa rupia 500 kwa ajili ya harusi. Wazee wa kijiji wanaamua kwamba robo tatu ya mavuno iende kwa mkopeshaji kama riba ya deni hilo. Mambo hayo mawili yakishaelezwa, yote yanayofuata hayahitaji mkalimani. Radha anapolikokota jembe la ng'ombe kwa bega lake mwenyewe, mtazamaji wa pwani hasikitiki kwa kuwa muziki umemwambia asikitike. Anasikitika kwa kuwa amekwisha kupiga hesabu na ameona kwamba deni lile halilipiki. Hiyo ndiyo huzuni yenye mizani. Kwa kipimo hicho napenda kupendekeza filamu saba nyingine, nikianza na zilizo karibu na bahari.

Ya kwanza ni La terra trema, yaani Ardhi Inatetemeka, ya Mwitaliano Luchino Visconti (1948). Chanzo chake ni riwaya ya Giovanni Verga iitwayo I Malavoglia, iliyochapishwa mwaka 1881. Visconti alikwenda katika kijiji cha wavuvi cha Aci Trezza, kisiwani Sicily, akawatumia wanakijiji wenyewe kuwa waigizaji, nao wakasema kwa lahaja yao. Waitaliano wa mikoa mingine hawakuielewa lahaja hiyo, hata ikabidi iwekwe sauti ya msimulizi. Sisi wa visiwani, ambao lahaja zetu mara nyingi huchekwa na wasemaji wa Kiswahili cha vitabuni, tuna sababu ya kuitazama filamu hii kwa jicho la pekee. Inakubali kwamba maskini ana lugha yake kamili, na kwamba mgeni ndiye anayepaswa kujitahidi aelewe.

Kijana 'Ntoni Valastro amechoka kuwaona wachuuzi wa jumla wakipanga bei ya samaki alfajiri, mvuvi akisimama kando kama mtu asiyehusika. Siku moja yeye na wenzake wanazikamata mizani za wachuuzi na kuzitupa baharini. Baadaye anaiweka nyumba ya familia rehani ili avue kwa chombo chake na kwa hesabu yake. Mwanzo unakuwa mwema: dagaa wa kutiwa chumvi wanajaa mapipa, na nyumba inajaa vicheko. Kisha inakuja dhoruba inayovunja chombo. Wachuuzi hawana haja ya kumpiga wala kumtukana. Wanangoja tu, mpaka njaa inapomlazimu auze mapipa yale kwa bei wanayoitaka wao. Nyumba inakwenda, mdogo wake anatoroka, dada mmoja anavunjiwa heshima na mwingine anapoteza mchumba. Mwishowe 'Ntoni anarudi kuomba kazi kwa watu wale wale, nao wanamcheka.

Kuna picha moja katika filamu hii ambayo mshairi yeyote wa pwani ataitambua. Wanawake wa nyumba ile wamesimama juu ya majabali, nguo zao nyeusi zikipeperushwa na upepo, wakiitazama bahari ambayo haijawarudishia watu wao. Picha inakaa muda mrefu kuliko tulivyozoea, mpaka mtazamaji naye anaanza kungoja. Filamu ina kasoro, nayo isifichwe. Ni ndefu kupita saa mbili na nusu, na msimulizi hufafanua mambo ambayo macho yamekwisha kuyaona, kama mtunzi anayeongeza ubeti wa kueleza ubeti uliotangulia. Hata hivyo, mvuvi wa Utende akiitazama ataweza kumwelekeza mwenziwe: yule pale ni fulani, na yule mwenye kofia ni tajiri wetu.

Ya pili ilitengenezwa Kuwaiti mwaka 1972 na Khalid Al Siddiq, nayo inaitwa Bas ya Bahar. Jina hilo ni zawadi kwa mfasiri wa Kiswahili, maana halimtaki afungue kamusi: Basi, ewe Bahari. Filamu inahusu wazamia lulu wa Ghuba kabla ya mafuta, enzi ambazo mzamiaji alikuwa na deni kwa nahodha, na deni hilo likimfuata kutoka msimu hadi msimu. Kijana Musaid anataka kumwoa binti aliye juu ya uwezo wake. Baba yake ni mzamiaji wa zamani aliyelemazwa na papa, naye anakataa mwanawe asiende. Lakini mahari haipatikani nchi kavu, kwa hiyo kijana anakwenda. Binti anaozwa kwa tajiri mtu mzima, na kijana anafia baharini. Mama yake anaipata lulu katika chaza alizoletewa, na anaitupa majini.

Hapa mizani inafanya kazi kwa ukali kabisa. Lulu ile ingemaliza kila deni lililotajwa tangu mwanzo. Mama anaijua thamani yake, ndiyo maana kitendo chake kinatisha. Angelia tu, tungemhurumia. Anapoitupa, anatuambia kwamba amekataa bei. Na tusidhani kwamba hadithi hii ni ya mbali. Majahazi ya Kuwaiti yalikuja kwa msimu wa kaskazi hadi delta ya Rufiji, mkabala na kisiwa chetu, kupakia boriti za mikoko zilizoezeka nyumba za huko. Alan Villiers, baharia na mwandishi wa Australia, alisafiri katika mojawapo ya majahazi hayo mwaka 1938 na 1939 na akaiandika safari hiyo. Watu wa filamu ile waliishi chini ya miti iliyokatwa jirani na kwetu.

Tukitoka baharini tuingie mjini, kwani huko ndiko wengi wa vijana wetu wanakoelekea. Ladri di biciclette, yaani Wezi wa Baiskeli, ya Vittorio De Sica (1948), ni filamu ambayo kisa chake chaweza kuandikwa kwenye kiganja cha mkono. Antonio, mtu wa Roma asiye na kazi, anapata kazi ya kubandika matangazo ukutani, kwa sharti awe na baiskeli. Baiskeli imewekwa rehani. Mkewe, Maria, anavua shuka za vitanda na kuzipeleka rehani ili kuikomboa. Siku ya kwanza ya kazi baiskeli inaibwa, na baba anaitafuta mji mzima pamoja na mwanawe mdogo, Bruno.

Ningemwomba msomaji aangalie mahali pawili. Kwanza ni pale shuka za Maria zinapopokelewa, na mfanyakazi wa nyumba ya rehani anapopanda juu ya rafu ndefu kuziweka miongoni mwa mafurushi mengine. De Sica haongezi neno. Rafu ile inatosha kutuambia kwamba nyumba nyingi za Roma zinalala bila shuka. Pili ni pale baba anapoamua kumlisha mwanawe hotelini ili wasahau shida yao kwa saa moja, na katikati ya chakula anaanza kumtajia mshahara ambao angeupata, mtoto akiandika na kujumlisha. Hesabu ile ni ombolezo. Tenzi nyingi za majonzi hazijafika pale ambapo kipande kile cha karatasi kimefika. Mwishoni baba mwenyewe anajaribu kuiba baiskeli, anakamatwa mbele ya macho ya mwanawe, anaachiliwa, na mtoto anamshika mkono. Filamu inaishia hapo, kama ubeti unaoishia kwenye kituo chake.

Wapo pia wazee wanaoachwa nyuma, na juu yao sijui filamu iliyo bora kuliko Tokyo monogatari, yaani Hadithi ya Tokyo, ya Mjapani Yasujiro Ozu (1953). Baba na mama wanatoka mji wa pwani wa Onomichi kwenda Tokyo kuwaona watoto wao. Mwana mkubwa ni daktari, binti ana saluni, na wote wana shughuli. Watoto wanachanga fedha na kuwapeleka wazee kwenye mji wa mapumziko, kwa kuwa kulipia chumba ni rahisi kuliko kukaa nao. Anayewapokea kwa moyo ni mkaza mwana wao, Noriko, mjane ambaye mume wake hakurudi kutoka vitani. Yeye ndiye asiye na kitu, na ndiye anayempa mama fedha za matumizi. Wazee wanarudi kwao, na mama anafariki.

Ozu aliiweka kamera chini, kwa kimo cha mtu aliyeketi juu ya mkeka. Mhakiki wa Ulaya hulieleza jambo hilo kwa maneno mengi. Mtu wa pwani hulielewa mara moja, kwa kuwa ndivyo anavyouona ulimwengu anapozungumza na mama yake ukumbini. Kifo chenyewe hakionyeshwi. Tunaona jamaa wamekusanyika usiku, kisha tunaiona bandari alfajiri, imetulia, na tunajua. Baada ya mazishi, kabla chakula hakijaisha, binti anaomba apewe nguo fulani za marehemu ziwe ukumbusho. Si mtu mbaya. Ozu hamhukumu, wala hatupi nafasi ya kumhukumu kwa raha, maana ni nani miongoni mwetu hajaona jambo hilo matangani? Kila mzazi wa Mafia aliyevuka bahari kwenda kumwona mwanawe Dar es Salaam, akakaa siku tatu katika chumba kimoja na kurudi akisema kwamba mjini kuna joto, amekwisha kuiishi nusu ya filamu hii. Anayeitazama huku wazazi wake wangali hai amepewa bahati.

Ya tano inatoka barani kwetu. Ousmane Sembène wa Senegal alikuwa kuli katika bandari ya Marseille, na uandishi alijifundisha mwenyewe kabla ya kuingia katika sinema. Mwaka 1966 alitoa La Noire de…, filamu ya takriban saa moja. Jina lake ni mtego kwa wafasiri wa lugha nyingi, lakini Kiswahili kinalibeba bila taabu: Mweusi wa… Kiunganishi hicho cha wa kinaweza kutaja mahali anakotoka mtu, na kinaweza kumtaja anayemmiliki. Sembène ameacha nafasi tupu baada yake, na filamu nzima ni jitihada ya msichana mmoja kukataa nafasi hiyo isijazwe na jina la bwana.

Diouana anatoka Dakar kwenda Antibes, kusini mwa Ufaransa, akiamini kwamba atalea watoto. Akifika, anajikuta mpishi, mfuaji na mfagiaji katika nyumba ambayo hatoki. Mshahara unacheleweshwa. Kinyago alichowapa waajiri wake kuwa zawadi kinaning'inia kwenye ukuta mweupe kama yeye alivyoning'inia katika maisha yao. Mwishowe anajiua. Bwana anasafiri hadi Dakar akiwa na sanduku la marehemu na fedha za mshahara wake, na mama mzazi anakataa kuzipokea. Tazama jinsi mama huyu wa Dakar na yule mama wa Kuwaiti walivyokutana bila kujuana: mmoja anatupa lulu, mwingine anarudisha noti. Wote wawili wametambua kwamba kupokea ni kutia sahihi kwenye risiti.

Filamu hii imetimiza zaidi ya nusu karne, na bado mabinti wa Tanzania na wa Kenya wanapanda ndege kwenda Oman na nchi nyingine za Ghuba kufanya kazi za nyumbani. Baadhi hurudi na mtaji na nyumba hujengwa. Wengine hurudi na simulizi zisizosimulika, au hawarudi. Ningependa kila familia inayomuaga binti iitazame filamu ya Diouana kabla ya siku ya safari. Lengo langu si kumzuia. Nataka maswali yaulizwe mapema: atalala wapi, atalipwa lini, na pasipoti yake atakaa nayo nani?

Zimebaki mbili, na zote zinatoka Bara Hindi. Pather Panchali, yaani Wimbo wa Njia, ya Satyajit Ray (1955), imetokana na riwaya ya Bibhutibhushan Bandyopadhyay. Ray alianza bila fedha. Aliweka rehani bima yake ya maisha, akauza santuri zake, na kazi ikasimama mara kwa mara, hata serikali ya jimbo la Bengali Magharibi ilipomsaidia kutoka fungu la barabara, kwa sababu jina la filamu lina neno njia. Kwa hiyo filamu yenyewe ilizaliwa katika mizani ile ile tunayoizungumzia.

Harihar ni msomi maskini mwenye ndoto ya kuandika. Anakwenda mbali kutafuta riziki, na nyuma yake binti yake Durga ananyeshewa na mvua ya masika, anashikwa na homa, na anafariki. Baba anarudi bila habari, akiwa na furaha, anatoa zawadi moja moja, na anamkabidhi mkewe sari aliyomnunulia Durga. Mama anafungua kinywa kulia, lakini sauti yake hatuisikii. Badala yake kinapaa kinanda cha nyuzi chenye mlio mwembamba wa kukata, na muziki wa Ravi Shankar unachukua nafasi ya kilio. Mtunzi wa mashairi na ajifunze hapo. Panapokuwa na neno kubwa mno, liondoe, na uweke sauti. Baadaye Apu, mdogo wake Durga, anakuta mkufu ambao dada yake alituhumiwa kuuiba na akakana. Anautupa bwawani. Majani ya maji yanafunguka, kisha yanafunga. Siri ya marehemu imesitiriwa, na aliyeisitiri ni mtoto.

Pyaasa, yaani Mwenye Kiu, ya Guru Dutt (1957), nimeiweka mwisho kwa sababu inawahusu moja kwa moja wasomaji wa kurasa hizi. Vijay ni mshairi ambaye hakuna anayetaka kumchapisha. Ndugu zake wanauza miswada yake kwa mnunuzi wa karatasi taka, kwa senti chache, kama zinavyouzwa karatasi za kufungia njugu. Anayeinunua na kuisoma ni Gulabo, mwanamke anayeuza mwili wake. Watu wanapoamini kwamba mshairi amekufa, mashairi yale yale yanachapishwa na kuuzwa kwa maelfu; ndugu waliomfukuza wanagombea mapato, na ukumbi unajaa waombolezaji. Mshairi yu hai, amesimama mlangoni. Mwishowe anakataa kuwa yeye ndiye Vijay, na anaondoka na Gulabo. Nyimbo zake ziliandikwa na Sahir Ludhianvi, mshairi wa Kiurdu mwenye jina lake, kwa muziki wa S. D. Burman. Guru Dutt mwenyewe alifariki mwaka 1964 akiwa na umri wa miaka 39.

Filamu hii nayo haikosi dosari. Guru Dutt anaupenda mno uso wake wenye majonzi, na mara nyingine mshairi anasimama kama aliyesulubiwa huku dunia yote ikiwa na hatia isipokuwa yeye. Lakini swali lake ni la kweli: shairi lina uzito gani kwenye mizani ya karatasi taka, na uzito gani baada ya mwenyewe kuzikwa? Pwani yetu imepoteza miswada mingi ya kale iliyoandikwa kwa hati za Kiarabu, iliyoliwa na mchwa au kutupwa na warithi wasioweza kuisoma. Tunamsifu malenga katika hitima yake, na daftari zake tunazifungia vitu vya dukani. Pyaasa inatutazama usoni.

Najua nitaulizwa juu ya Devdas ya Bimal Roy (1955), ambayo kwa wengi ndiyo mama wa filamu zote za huzuni. Naiheshimu, na uigizaji wa Dilip Kumar hauna mfano. Siiweki katika orodha yangu kwa sababu moja. Devdas anapenda, anasita, anamwacha Paro aozwe kwa mtu mzima, kisha anakunywa mpaka anakufa. Deni ni lake, lakini wanaolilipa ni wanawake wawili, Paro na Chandramukhi, na filamu inatuomba tumlilie mdaiwa. Huo ndio ulevi wa huzuni, nao umeingia sana katika nyimbo zetu za mapenzi na katika filamu nyingi za kwetu za siku hizi, ambamo muziki huanza kulia kabla ya mwigizaji. Mtu huumia, lakini hatuambiwi ameuza nini.

Lipo tatizo la lugha. Filamu hizi hupatikana leo kwa sahani za DVD na kwa njia ya intaneti, ila maandishi ya chini aghalabu ni ya Kiingereza au Kifaransa. Suluhisho tunalo tangu zamani. Katika vibanda vya video Watanzania walizoea kuzisikia filamu za nje zikisimuliwa kwa Kiswahili, na jina la Lufufu linajulikana kwa kazi hiyo. Kwa filamu za huzuni napendekeza utaratibu ulio tofauti kidogo. Msimulizi aeleze kisa na majina ya watu kabla ya kuanza, afasiri mazungumzo kwa ufupi, na panapokuwa kimya anyamaze. Kimya cha Ozu si pengo la kujazwa; kimehesabiwa kama silabi. Anayeanza na aanze na Wezi wa Baiskeli, ambayo haifiki hata saa moja na nusu, kisha Mweusi wa…, ndipo aende kwa Ray na Ozu. La terra trema aiache mpaka atakapokuwa na usiku mrefu na wenzake wa kuzungumza nao.

Ninazipendekeza filamu hizi kwa kuwa huzuni yetu wenyewe bado haijapimwa. Mwaka 1985 Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill walitengeneza Arusi ya Mariamu hapa Tanzania, filamu fupi na tulivu, na ikaonekana kwamba kamera inaweza kukaa na watu wetu bila kuwapigia kelele. Lakini mama anayengoja chombo Chole, mvuvi aliyekula fedha za tajiri kabla ya kwenda baharini, mzee anayerudi kutoka mjini akisifia joto, wote hao wangali nje ya picha. Kamera ni ghali. Kalamu si ghali, na mizani ya mshororo tumerithishwa bure. Anayeona kwamba nimemwonea Devdas, au anayejua filamu niliyoiacha, na alete hoja yake katika kurasa hizi. Na akiileta kwa utenzi, ataje na bei ya samaki.